Mheshimiwa Waziri, damu ya mama ipimwe, isikadiriwe

Kwa Mheshimiwa Waziri wa Afya,
Serikali ya Kaunti ya Jiji la Nairobi,
City Hall.

Mheshimiwa,

Nimekuwa mkunga katika jiji hili kwa miaka 37, karibu yote upande wa Eastlands, na nimestaafu mwaka 2025. Barua hii nimeianza na kuiacha mara nyingi, maana kila nikishika kalamu najikuta nimerudi katika usiku mmoja ambao sijawahi kuusimulia mbele ya watu. Leo nauanza nao.

Mama alikuja kwa miguu, ameshikwa mkono na jirani yake. Alikuwa mama mboga kutoka Mathare, mimba ya nne. Tulikuwa wakunga wawili na kina mama sita leba. Alijifungua saa saba za usiku, mtoto wa kiume, akalia pale pale. Kondo la nyuma lilitoka zima. Nililigeuza nikalikagua kama nilivyofundishwa. Nikampa sindano, nikampangusa, nikamvisha pamba na leso yake safi. Kisha nikaangalia shuka, nikaangalia beseni, nikaandika kwenye faili: damu, mililita 300. Akaniomba chai. Nikamwambia, “Ngoja kidogo, mama, nimalizane na mwenzako hapa.”

Mwenzake alikuwa na mtoto aliyetanguliza makalio. Nilipomrudia ilikuwa imepita kama nusu saa. Alikuwa anapiga miayo, na miayo ya namna hiyo baada ya kuzaa huwa si ya usingizi, ni ya damu kupungua. Akasema, “Sista, nasikia baridi.” Mpigo wa moyo ulikuwa unakimbia hata siwezi kuuhesabu. Nilipoinua nyonga yake ndipo nikaona: damu ilikuwa imepita kwenye leso, ikapita kwenye shuka, ikaingia kwenye godoro kupitia mpasuko wa plastiki yake kuukuu. Tulimkanda tumbo, tukamwekea dripu, tukatafuta damu ambayo kituo hakikuwa nayo, tukaita ambulensi. Alikata roho kabla ya kufika kwenye thieta.

Sikitaji kituo, maana makosa yale yalikuwa ya mpango mzima na mengine yalikuwa ya macho yangu. Ile 300 niliiandika mimi, kwa kukadiria. Hivyo ndivyo tulivyofundishwa sote: pedi iliyolowa ni kiasi hiki, shuka iliyolowa ni kiasi kile. Na jicho la mkunga aliyechoka, saa saba za usiku, chini ya taa moja, hupunguza karibu kila mara.

Sasa nakuja kwenye jambo lililonifanya niandike.

Mwezi Mei 2023 yalitangazwa matokeo ya utafiti uitwao E-MOTIVE. Ulifanywa katika hospitali 80 za Kenya, Tanzania, Nigeria na Afrika Kusini, ukahusisha akina mama 210,132 waliojifungua kwa njia ya kawaida. Kifaa chake kikuu ni karatasi ya plastiki inayowekwa chini ya nyonga za mama mara mtoto anapotoka. Mwisho wake una mfuko kama faneli, na mfuko una mistari ya vipimo. Damu yote inashuka humo. Mkunga anasoma mstari, basi; godoro halinywi kitu. Damu ikifika kiwango cha hatari, matibabu yote yanatolewa pamoja bila kungoja moja lishindwe ndipo lijaribiwe jingine: kukanda mfuko wa uzazi, dawa ya kuubana, asidi ya traneksamiki, yaani dawa ya kusaidia damu igande, maji ya mshipani, kisha kuchunguza damu inatoka wapi na kuita msaada.

Yaliyopatikana, Mheshimiwa, nimeyasoma mara nyingi nikiwa peke yangu. Pale ambapo wakunga waliendelea kukadiria kwa macho, takriban nusu ya wanawake waliokuwa wanavuja damu kupita kiasi hawakutambuliwa. Pale penye mfuko wa vipimo, walitambuliwa 93 katika kila 100. Na madhara makubwa, yaani kupoteza lita nzima au zaidi, kupasuliwa ili kuzuia damu, au kufa kwa kuvuja, yalipungua kwa asilimia 60.

Nusu hawakutambuliwa. Nimepiga hesabu ya akina mama waliopita mikononi mwangu nikaiacha katikati.

Shirika la Afya Duniani liliupokea utaratibu huu mwaka huohuo. Oktoba 2025 likatoa mwongozo mpya pamoja na vyama vya kimataifa vya madaktari wa uzazi na wakunga. Zamani tulingoja nusu lita ndipo tuite hatari. Mwongozo mpya unasema damu ikifika mililita 300 na dalili za mwili zimeanza kubadilika, mathalani moyo kwenda mbio au presha kushuka, tusingoje. Mia tatu. Ndiyo namba ileile niliyoiandika kwenye faili nikaenda kwa mgonjwa mwingine nikiwa na amani.

Nafahamu kwamba meza yako ina mengi. Wanawake wa jiji hili wanakudai mambo mengi pia: chanjo ya kuwakinga mabinti na saratani ya mlango wa kizazi, dawa za kupanga uzazi zisizokatika, mahali pa kukimbilia anayepigwa nyumbani. Yote ni ya haki na kila moja lina mwenye kuliandikia barua ndefu kuliko hii. Mimi naomba hili moja kwa sababu dawa yake inajulikana, imepimwa kwenye miili ya akina mama wa Kenya, na haitaki jengo jipya.

Tena Nairobi ina deni lake la peke yake katika jambo hili. Julai 1985 nilikuwa mwanafunzi wa uuguzi, wanawake wa dunia walipokuja hapa kwa Mkutano wa Tatu wa Umoja wa Mataifa kuhusu Wanawake. Wajumbe wa serikali walikuwa ukumbi wa KICC, na Rais wa mkutano alikuwa Mama Margaret Kenyatta, aliyewahi kuwa meya akikaa City Hall hiyohiyo uliyomo. Maelfu ya wengine walikutana Chuo Kikuu cha Nairobi, na sisi wanafunzi tulikwenda kusikiliza tukiwa tumesimama, maana viti havikutosha. Sikuwa nimewahi kuona wanawake wengi hivyo wakizungumzia maisha yao kama jambo la serikali.

Mwaka mmoja na nusu hivi baadaye, Februari 1987, ulifanyika hapahapa mkutano wa kwanza wa kimataifa kuhusu uzazi salama. Wakati huo ilikadiriwa kwamba wanawake nusu milioni walikuwa wanakufa kila mwaka kwa ujauzito na uzazi. Waliokutana Nairobi walikubaliana idadi hiyo ipunguzwe kwa nusu kufikia mwaka 2000. Mwaka 2023 walikufa takriban 260,000, zaidi ya 700 kila siku. Miaka 23 baada ya tarehe ile, nusu yenyewe bado haijatimia, na karibu asilimia 70 ya waliokufa walikuwa Afrika kusini mwa Sahara. Katika nchi tajiri, mwanamke mmoja kati ya 7,933 ndiye anayekabiliwa na kifo cha uzazi katika maisha yake yote. Katika nchi maskini kabisa ni mmoja kati ya 66. Sisi wakunga tunajua kwamba mwili wa mwanamke wa kule na wa huku ni mmoja, mfuko wa uzazi unabana au unalegea kwa namna ileile.

Kuvuja damu baada ya kuzaa ndiko kunakoua wengi: karibu wanawake 45,000 kwa mwaka duniani.

Mtu anaweza kusema Kenya imesonga, na ni kweli. Tangu Juni 2013 serikali ilipoondoa ada ya kujifungua katika vituo vya umma, mlango wa leba umefunguka kweli; nilikuwa zamu na niliwaona wakija. Mwaka 2014 kati ya watoto 100 waliozaliwa nchini, 61 walizaliwa kituoni. Kufikia 2022 walikuwa takriban 82. Lakini sensa ya 2019 ilipata vifo vya akina mama 355 kwa kila watoto 100,000 wanaozaliwa hai, karibu sawa na vile 362 vya utafiti wa 2014. Lengo la dunia kufikia 2030 ni chini ya 70. Tumewaambia akina mama njooni kituoni, na wamekuja. Sasa tunadaiwa kile wanachokikuta wakishafika.

Kwa hiyo kwanza naomba mfuko huu wa vipimo uwe katika kila leba ya jiji. Usiishie Pumwani na hospitali kubwa pekee. Ufike kwenye zahanati za Korogocho, Mukuru na Dandora, na zile nasingi homu ndogo za ghorofani ambazo ofisi yako inazikagua, kwa sababu huko ndiko mama anakoanza kuvuja mbali na thieta. Uagizwe kama glavu zinavyoagizwa, kwa hesabu ya akina mama wanaotarajiwa. Kifaa kinachokuja kwa mradi wa miezi sita kikaisha huwaacha wakunga na uchungu mkubwa kuliko wasingekijua. Mwaka 2025, fedha za Marekani zilipokatwa ghafla, tuliona vilivyotegemea wafadhili vikianguka.

Pili ni dawa. Oksitosini, ile sindano ya kuubana mfuko wa uzazi, inataka baridi ya kati ya nyuzi 2 na 8. Umeme ukipotea mtaani, jenereta ikakosa mafuta, friji inapata joto na dawa inapoteza nguvu polepole huku kichupa kikiwa kinapendeza vilevile. Mkunga anadunga akiamini ametibu. Ipo dawa nyingine ya kazi hiyo, karbetosini inayostahimili joto, nayo ilijaribiwa kwa akina mama karibu 30,000 katika nchi kumi, Kenya ikiwemo, na matokeo yake yalichapishwa 2018. Hiyo ya kuzuia damu isitoke ndiyo inayofaa zahanati zenye umeme wa kubahatisha. Oksitosini ya kutibu anayevuja itunzwe kwenye friji inayosomwa kipimajoto kila zamu. Na asidi ya traneksamiki iwe kwenye trei ya leba yenyewe, isifungiwe kwenye kabati la mfamasia anayekuja asubuhi. Utafiti wa 2017 ulionyesha inaokoa ikitolewa ndani ya saa tatu tangu mama ajifungue, na kila dakika inayopita inaipunguza kazi.

Damu ya kuongezewa ni jambo ambalo linanikasirisha mpaka leo. Mume anaambiwa usiku alete watu wa kutoa damu. Atawatoa wapi? Anapiga simu kwa wenzake wa boda, wanakuja watatu, mmoja anafaa, na hiyo damu lazima ipimwe kwanza ndipo itumike. Kila hospitali ya kaunti inayopasua iwe na akiba yake, na kila zahanati ijue usiku huu, kwa namba ya simu inayopokelewa, damu iko wapi na ambulensi iko wapi. Ibara ya 43 ya Katiba yetu inasema mtu yeyote asinyimwe matibabu ya dharura. Mama anayelala akingoja gari kwenye Barabara ya Juja amenyimwa, hata kama hakuna aliyemfukuza.

Na vifo vyenyewe vihesabiwe hadharani. Vikao vya kukagua kifo cha mama vipo, ila sisi wakunga tunaviogopa kwa sababu vimekuwa mahali pa kumtafuta muuguzi wa kulaumiwa. Nilihojiwa baada ya usiku ule. Niliulizwa nilikuwa wapi. Hakuna aliyeuliza kwa nini tulikuwa wawili, wala lile godoro lilikuwa na miaka mingapi. Chapisha kila mwezi idadi ya akina mama waliofariki Nairobi, kwa nini, na nini kimebadilishwa. Majina yao yahifadhiwe.

Yule mama aliacha binti wa miaka 13. Nilikwenda Mathare baada ya mazishi, nikamkuta amembeba mtoto mgongoni, anamenya viazi. Sare ya shule ilikuwa imetundikwa kwenye msumari ukutani, imepigwa pasi. Baba alisema atarudi muhula ujao. Nilikwenda tena muhula huo ulipofika, na sare ilikuwa pale pale. Nimehudhuria warsha nyingi za fursa za wasichana, na kila mara nimeiona ile sare.

Mheshimiwa, nakuomba usiku mmoja. Uchague siku mwenyewe, usiwaarifu, uje bila kamera. Nitakungoja saa nane za usiku kwenye steji ya matatu ya Kayole, karibu na kwangu, tuingie leba mbili za kaunti yako. Tusimsumbue mkunga. Tumngoje amalize kumzalisha mama mmoja, kisha umuulize kwa upole damu ni kiasi gani, na uangalie anaangalia wapi kabla ya kukujibu.

Wako kwa heshima,
Mkunga mstaafu,
Kayole, Nairobi.