Mume wangu anaficha katuni za wake wanaoporwa

Shikamoo Shangazi,

Naishi Nagoya, Japani, huu mwaka wa 9. Mume wangu ni Mjapani. Tulikutana Morogoro alipokuja kufundisha hesabu kwa kujitolea. Ni mpole, na mshahara ananikabidhi wote mimi nimpe ya matumizi, kama desturi ya nyumba nyingi huku. Sijawahi kumfumania na lolote.

Mwezi uliopita, nikitafuta mablanketi ya baridi kabatini, nikakuta katuni sita zenye alama ya 18 kwenye jalada. Sikuzaliwa jana, najua wanaume wanavyopenda kutazama. Kilichonishtua ni kwamba zote sita ni hadithi ile ile: mke wa mtu, nyumba kimya, mume kazini, na mwanamume mwingine. Mwishoni mume anagundua, na hafanyi kitu! Anasimama nyuma ya mlango wa karatasi, jasho linamtiririka, kurasa tatu nzima ni uso wake tu.

Kijapani nilijifunzia kwenye katuni za mwanangu, ambazo kila herufi ngumu imeandikiwa matamshi pembeni. Hizi hazina. Nikawa nasoma na simu mkononi, herufi moja moja kama mtoto wa madrasa. Aina hii inaitwa "netorare". Neno lenyewe liko katika kauli ya kutendwa, kama tunavyosema kuibiwa: ni kuporwa mwenzi wako kitandani. Yaani mwenye hadithi si mke wala hawara, ni huyo anayeporwa.

Sasa Shangazi, hiyo ni hofu yake au ndiyo hamu yake? Juzi alikuja fundi wa kiyoyozi, mume wangu akamwambia, "Kaa ule, mke wangu anajua kupika." Mikono ilinitetemeka na mwiko. Pengine ni ukarimu tu aliouokota Morogoro.

Nilimdokezea jirani, mama wa Kijapani, akacheka. Akasema hata wanawake wana katuni zao za namna hiyo, nisichanganye karatasi na kitanda. "Ila usijaribu," akaongeza. Uzinzi huku si jinai tangu 1947 (kabla ya hapo waliofungwa ni mke na hawara wake, mume mzinzi hakuguswa, isipokuwa akienda na mke wa mtu), lakini mwenzi aliyesalitiwa anaweza kuwadai fidia wewe na hawara wako.

La aibu ni hili: nimezisoma zote, na ya tatu nimeirudia. Si kwa ajili ya picha, maana sehemu zenyewe zimezibwa vimraba kwa sababu ya sheria ya 1907 inayokataza picha chafu. Ni yule mke. Kuna ukurasa anavua pete jikoni, anaiweka kwenye kisahani cha sabuni, halafu anaosha kwanza vyombo vyote. Nilimwelewa mno.

Nimuulize? Atajua nimesoma. Na nimuulize kwa lugha gani? Kijapani changu hakifiki huko, na Kiswahili chake ni cha darasani na sokoni. Ninyamaze? Nilikuwa nimeamua hivyo. Lakini ile ya tatu niliirudisha chini kabisa, na jana nimeikuta iko juu ya zote.

Ananiambia kitu, au naota?

Mama wa mtoto mmoja,
Nagoya