Mpaka unapita sebuleni

Mama mpendwa,

Shikamoo. Natumaini magoti yamepata nafuu. Mimi sijambo. Baridi imeanza kuuma, ila kazi ya kuchuma stroberi kwenye nyumba za vioo inaendelea.

Uliniuliza kwenye simu niko nchi gani hasa, Uholanzi au Ubelgiji, nikababaika. Mama, mji huu wa Baarle una vipande 22 vya Ubelgiji vilivyozungukwa na ardhi ya Uholanzi, na ndani ya baadhi yake kuna tena vipande vya Uholanzi, kiraka juu ya kiraka. Ni mabwana wa zamani waliogawana mashamba. Mpaka ni misalaba myeupe iliyochorwa barabarani, huku NL ya Uholanzi, kule B ya Ubelgiji. Hakuna geti wala askari. Mameya ni wawili, na nyumba huhesabiwa ni ya nchi ambako mlango wake wa mbele upo.

Jumapili bibi jirani alinikaribisha kahawa. Mstari unapita katikati ya sebule yake. Yeye alikaa Uholanzi, mimi Ubelgiji, sahani ya biskuti katikati yetu. Kahawa ilinishinda kumeza, Mama. Nilikuona wewe na ndoo ya mchele wa Kamsamba kichwani, alfajiri, ukikata njia za panya kuvuka mpaka kwenda Nakonde, Zambia, kwa Shangazi, mtu wa damu yetu mnayesema naye Kinyamwanga kimoja. Nikakumbuka na siku ile uliporudi mikono mitupu, magunia mawili yamekwenda, ukalala bila kusema neno.

Nilimwambia bibi kwamba wao wamebarikiwa. Akatikisa kichwa. Akanisimulia kuwa mwaka 1915, wakati wa vita, Wajerumani walitandaza nyaya za umeme kwenye mpaka wa nchi hizi mbili, na waliojaribu kuvuka wakafia pale pale, wengine wakiwafuata ndugu zao tu. Yeye alisimuliwa na mama yake. Kisha akaniongeza kahawa.

Pesa nimetuma kwenye simu ya Kaka. Humo toa ya ushuru, upite kituoni mchana kweupe na mchele wako. Zile njia za nyuma ziache, Mama, hasa masika hii, kunateleza na magoti ndiyo hayo.

Ukifika Nakonde mwambie Shangazi namsalimu sana.

Binti yako