Barua ya wazi kwa Gavana wa Maniema: Soko la Nyangwe lipewe alama yake

Mheshimiwa Gavana,

Ninakuandikia kuhusu Nyangwe, mji uliosimama kwenye ukingo wa kulia wa mto Lualaba, upande wa Kasongo, mashariki mwa Kongo, ambao kwa takriban miaka thelathini ulikuwa kituo kikubwa cha biashara ya pembe za ndovu na watumwa magharibi ya Ziwa Tanganyika, na ambao leo umebaki kijiji.

Kila inapotajwa, historia yake husimuliwa kwa majina ya wageni. Wasafiri wa Kizungu Livingstone na Cameron walifika, wa kwanza mwaka 1871, wa pili mwaka 1874, wote wawili wakakosa mitumbwi ya kuuteremka mto. Mwenzao Stanley akaja mwaka 1876, akaondoka akisindikizwa na Tippu Tip, mfanyabiashara mkubwa kutoka Zanzibar. Wakishatajwa hao, pamoja na wangwana, yaani waungwana Waislamu wa Zanzibar na pwani, ambao kwa haki ndio waliotuletea Kiswahili, simulizi huishia hapo.

Waliosahauliwa ni wanawake wa sokoni. Hao ndio walioulisha mji, wakivuka mto na samaki, vyungu, kuku na mafuta ya mawese, nayo mila iliwalinda, kwani hata vijiji vilipopigana, mwanamke aendaye sokoni hakuguswa. Tarehe 15 Julai 1871 mila hiyo ilivunjwa. Livingstone, aliyekuwapo, aliandika kwamba wafuasi wa mfanyabiashara Dugumbe walifyatua bunduki katikati ya watu wapatao 1,500. Mitumbwi ikakwama kwa msongamano, na wengi wakajitosa mtoni wakazama. Wafanyabiashara wenyewe walikadiria kuwa waliokufa ni kati ya 330 na 400. Habari hizo zilipofika Uingereza ziliongeza shinikizo lililomfanya Sultani Barghash afunge soko la watumwa la Zanzibar mwaka 1873.

Pale Zanzibar, lilipokuwa soko hilo, leo pana kanisa kuu na sanamu za ukumbusho, nasi kumbukumbu ya Nyangwe tumeiachia shajara ya mgeni. Mji wa Nyangwe wenyewe ulitekwa Machi 1893 na majeshi ya Leopold wa Pili, mfalme wa Ubelgiji, yakiongozwa na afisa wake Dhanis, ukabomolewa katika majuma machache. Waliofanya hivyo walijiita wakombozi, dai ambalo Kongo nzima ililipia kwa kulazimishwa kuvuna mpira.

Kwa hiyo, Mheshimiwa, ninaomba serikali ya jimbo iwatume watu wa kubainisha pamoja na wazee mahali lilipokuwa soko, kabla hapajajengwa, na masimulizi ya wazee hao yarekodiwe wangali hai. Kisha liwekwe jiwe lenye maandishi ya Kiswahili na Kifaransa, linalowataja wanawake wa soko kwanza, ndipo wafuate wafanyabiashara na wasafiri wa Kizungu.

Kwa heshima,
Mzaliwa wa Maniema