Kanda za Kusini zinaoza majumbani

Mhariri, naomba nafasi kidogo kwenye gazeti lako.

Mwezi uliopita nilikua Lindi kwenye msiba wa mjomba. Enzi zake alikua anapiga video za maharusi na sherehe, sasa tukakuta chini ya kitanda boksi la kanda za VHS, nyingi zimeota ukungu mweupe, si unajua joto la kwetu na unyevu wa bahari. Tukaazima deki kwa jirani tukaweka moja. Ilikua pantoni ya Ndundu! Foleni ya malori ya korosho, kina mama na masinia ya samaki, abiria wamelala chini ya basi wanasubiri kuvuka Rufiji. Wanangu wakauliza hapa ni wapi baba, maana wao wamezaliwa Daraja la Mkapa lishafunguliwa 2003, hawajui kama kwenda Dar wakati wa masika ulikua unabeba unga na sufuria kabisa. Dakika chache tu kanda ikakwama ikakatika.

Iliniuma sana mhariri. Na ikanikumbusha miaka ya nyuma, ofisi moja ya umma hapa Mtwara walisafisha stoo wakatupa mikebe ya filamu nyuma ya jengo, watoto wakawa wanaivuta kama utepe, ilikua inanuka siki. Baadae ndo nikaja kuambiwa ile harufu ni filamu yenyewe inaoza, ikikaa kwenye joto na unyevu inatoa asidi, na mvuke wake unaambukiza hata mikebe ya jirani. Dawa yake ni chumba cha baridi na kikavu tu, na kuihamishia kwenye kompyuta mapema kabla haijajikunja.

Bara hatukua na televisheni mpaka 1994, kwahiyo ya kabla ya hapo kama hayako kwenye filamu na kanda hayako popote. Nachingwea walifundishwa wapiganaji wa FRELIMO, chama kilichopigania uhuru wa Msumbiji, na Mei 1975 Samora Machel akavuka Ruvuma kwenda kupokea uhuru kule Maputo. Mradi wa mashamba ya karanga wa Waingereza enzi za ukoloni nao walipiga sinema, wakazitunza kwao, ila mzee wa Nachingwea aliefyeka yale mapori hajawahi kujiona.

Ombi langu, Idara ya Kumbukumbu na Nyaraka za Taifa pamoja na TBC, shirika la utangazaji la taifa, walete mashine huku hata miezi miwili tu, wapite Mtwara, Lindi, Masasi, Newala, watu watoe kanda zao zinakiliwe, mwenyewe arudishiwe yake na kopi moja ibaki maktaba ya mkoa, isiende yote Dar.

Na wenzangu mlio na kanda zenye ukungu, tafadhali msiziweke kwenye deki kama nilivyofanya mimi, subirini fundi anaejua kuzisafisha. Ile ya mjomba nimeiweka kabati la juu mbali na ukuta, na kipande kilichokatika ninacho, sijakitupa.

Msomaji wako,
Mtwara