YAH: Programu yenu ya bili inavyokosea misimbo ya matatizo ya shingo

Kwa Meneja wa Bidhaa,

Tunalalamikia sehemu ya misimbo ya magonjwa katika programu yenu ya bili, hasa inavyoshughulikia matatizo ya shingo yasiyobainishwa. Madai yanarudishwa na kampuni za bima, na tukifuatilia chanzo tunakuta daktari aliandika sawasawa na karani aliingiza alichosoma. Msimbo mbaya umechaguliwa na programu yenyewe.

Kosa kubwa liko kwenye jedwali la kubadilishia misimbo ya zamani, ambalo bado linaendesha mapendekezo yenu. Daktari akiandika kwamba shingo ina tatizo na hajabainisha zaidi, programu hulisoma kama 723.9 ya ICD-9-CM, mfumo wa zamani wa misimbo ya magonjwa ambao Marekani iliuacha kwa huduma zote zilizotolewa kuanzia tarehe 1 Oktoba 2015, kisha huleta M53.82 ya mfumo wa sasa, ICD-10-CM. Ulinganisho huo ni wa kukaribiana tu, lakini skrini yenu inauonyesha kana kwamba misimbo hiyo miwili ni kitu kimoja. M53.82 ni ya kasoro nyingine za mgongo zilizobainishwa, eneo la shingo. Anayeitumia anasema kasoro anaijua, ila haina msimbo wake peke yake. Mkaguzi wa bima akifungua faili asiione kasoro yoyote iliyotajwa, tutamjibu nini? Ikiwa kilichoandikwa ni maumivu ya shingo na chanzo hakijajulikana, msimbo ni M54.2, nao umekamilika hivyo hivyo ulivyo. Ikiwa maandishi hayatoshi hata kwa hilo, programu isimame na kumrudishia daktari swali, isijaze pengo kwa kubahatisha.

Halafu kuna lile onyo jekundu linalojitokeza kila M54.2 inapowekwa, eti msimbo ni hafifu. Onyo hili lina madhara makubwa kuliko mnavyodhani. Mwongozo rasmi wa ICD-10-CM unaruhusu msimbo wa dalili pale ugonjwa wenyewe haujathibitishwa, na msimbo usiobainishwa pale taarifa hazijapatikana. Mwongozo huo huo unasema haifai kuchagua msimbo mahususi usioungwa mkono na maandishi, wala kumfanyia mgonjwa vipimo asivyovihitaji ili tu msimbo mahususi upatikane. Kumpeleka mtu kwenye kipimo cha picha cha MRI kwa sababu skrini imegeuka nyekundu si uangalifu wa bili. Ondoeni onyo hilo na mahali pake wekeni maswali machache: maumivu yanashuka mkononi? Kuna ganzi au mkono kukosa nguvu? Yalianza baada ya kuumia? Kama picha ilishapigwa, imeonyesha nini? Majibu ndiyo yanayotenganisha M54.12, yaani mzizi wa neva wa shingo kuathirika bila kuhusishwa na diski (mito iliyo kati ya pingili) au uchakavu, na M47.22 ya uchakavu wa pingili ulioathiri mzizi wa neva, M48.02 ya mfereji wa uti wa mgongo kuwa mwembamba, au kundi la M50 la diski za shingo.

Kundi hilo la M50 nalo mmeliacha nyuma. Programu bado inapokea M50.12 peke yake, ilhali tangu tarehe 1 Oktoba 2016 msimbo huo unadai tarakimu ya sita: M50.121 kwa kiwango cha C4-C5 (kati ya pingili ya nne na ya tano ya shingo), M50.122 kwa C5-C6, M50.123 kwa C6-C7, na M50.120 pale kiwango hakikutajwa. Dai lenye M50.12 tupu hukataliwa mlangoni kabla halijasomwa na mtu. Na hata msimbo ukiwa kamili, programu huongeza M54.2 pembeni kwa kuwa imeona neno maumivu. Chini ya M54.2 kuna katazo la Excludes1, yaani maelezo yanayozuia misimbo miwili kutumika pamoja, kwa maumivu yanayotokana na diski, kwa hiyo misimbo hiyo miwili haikai pamoja kwa tatizo lile lile. Kisomaji chenu cha maandishi nacho kikikuta "inashukiwa diski" kinaweka M50. Kwa mgonjwa wa nje, kinachoshukiwa hakiwekewi msimbo kana kwamba kimethibitishwa, huwekwa dalili.

Kwa majeruhi, shida ni herufi ya saba. Ligamenti za shingo zikiteguka ni S13.4XXA, misuli na kano zikivutika ni S16.1XXA. Programu hufuta X kwa kudhani hazina kazi, ilhali zinashikilia nafasi ili herufi ya mwisho ibaki ya saba, na S13.4A haipo popote. Tena inaweka A kwa ziara ya kwanza na D kwa zinazofuata. Hesabu ya ziara haihusiki: A ni wakati wa matibabu hai, D ni wakati wa kupona na kufuatiliwa, S ni athari iliyobaki baadaye.

Kuhusu masasisho, orodha yenu haina G44.86 ya maumivu ya kichwa yatokayo shingoni, iliyoanza tarehe 1 Oktoba 2021. Mkiiongeza, msifute matoleo ya nyuma. Kwa mgonjwa wa nje msimbo hufuata tarehe ya huduma, si siku ya kutuma bili.

Tunataka jedwali la 723.9 liondolewe kwenye mapendekezo, ukaguzi wa Excludes1 na wa urefu wa msimbo ufanyike kabla dai halijatoka, na tupewe orodha ya madai yote ambayo programu ilijichagulia M53.82, M50.12 au S13.4 yenye herufi pungufu, ili tuyalinganishe na maandishi na kuyatuma upya. Orodha tunaihitaji ndani ya siku 14. Medicare, bima ya afya ya serikali ya Marekani, inapokea madai ndani ya mwaka mmoja wa kalenda tangu tarehe ya huduma, na kampuni binafsi nyingi hutoa muda mfupi zaidi. Yatakayopitwa na muda kwa sababu ya programu tutayadai kwenu kwa mujibu wa mkataba.

Wenu,
Kitengo cha Misimbo na Madai