Louisiana wana vitabu vya mahori yao, Rufiji je?

Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wa barua ili niseme jambo moja kuhusu vitabu, na hasa vitabu ambavyo hatuna. Mwezi uliopita nilikuwa na shughuli Posta, na kama ilivyo desturi yangu nikapita kuchungulia vitabu vya mitumba vinavyopangwa chini kando ya Barabara ya Samora. Baada ya kuvutana kidogo na muuzaji nikapata kwa shilingi elfu nne kitabu chenye jalada lililochakaa kinachozungumzia kusini mwa jimbo la Louisiana, Marekani, nchi ya majini ambayo wenyewe huiita nchi ya bayou. Nilikinunua kwa sababu ya picha moja tu. Mzee amesimama kwenye mtumbwi mwembamba, upondo mkononi, na nyuma yake miti imeota ndani ya maji. Kama pasingekuwa na maelezo chini ya picha, ningeapa kwamba ni Rufiji, delta ya mto wetu hapa Tanzania.

Tangu siku hiyo nimekuwa mlevi wa vitabu hivyo. Mwanangu aliye masomoni nje amenitumia viwili, na vile vya zamani ambavyo haki zake zimekwisha muda nimevisoma kwenye simu, ingawa macho yangu hayakufurahi. Bayou ni neno ambalo Wafaransa walilichukua kwa Wachoctaw, wenyeji wa kale wa nchi ile, na maana yake ni kijito kinachokwenda taratibu mno, kiasi kwamba maji ya bahari yakijaa mkondo unaweza kurudi ulikotoka. Sisi watu wa pwani hatuhitaji kulifafanua zaidi, kwa sababu tunalo neno hori.

Kilichonishangaza ni jinsi nchi hiyo ilivyoandikwa kwa tabaka juu ya tabaka, na si kila tabaka lina ubora uleule. Waanzilishi wengi walikuwa wapita njia. Mshairi wa Kimarekani Longfellow, aliyetunga mwaka 1847 utenzi wake wa Evangeline kuhusu Waakadia, wale Wafaransa ambao Waingereza walianza kuwafukuza Nova Scotia mwaka 1755 na ambao baadhi yao hatimaye waliishia Louisiana, hakuwahi hata siku moja kufika huko. Utenzi ni mtamu, lakini maji yake ni ya kuchora, hayana tope wala mbu.

Solomon Northup ni habari nyingine kabisa. Huyu alikuwa mtu huru wa New York aliyetekwa mwaka 1841 na kuuzwa utumwani, akaishi miaka mingi kando ya Bayou Boeuf, na kitabu chake kikatoka mwaka 1853, mwaka uleule alipokombolewa. Wengi wanamfahamu kwa filamu. Mimi kilichonishika ni sehemu ndogo ambayo msomaji mwenye haraka huiruka: nyama waliyopewa watumwa ilipoingia funza, Northup alibuni mtego wa samaki, sanduku la mbao lenye mlango unaojifunga samaki anapokula chambo, na chambo chenyewe ni unga wa mahindi uliokandwa pamoja na pamba ukakaushwa mpaka ukawa mgumu. Ameueleza kwa vipimo, kiasi kwamba fundi seremala wa Mbagala akisomewa kurasa hizo leo anaweza kuutengeneza kabla ya adhuhuri. Mtu yuko utumwani, anapigwa mijeledi, na bado anajali kutueleza mtego ulivyoshikana!

Niliposoma hapo nilikiweka kitabu chini nikamkumbuka marehemu mjomba wangu, aliyekuwa mvuvi upande wa Nyamisati, deltani Rufiji, na migono yake, yaani mitego ya samaki ya kusuka. Nikiwa kijana nilimwona mara nyingi akiisuka barazani: ufito uliochongwa mwembamba, pete za kushikiza kutoka tumboni hadi mkiani, na ule mdomo wa ndani wenye ncha zinazoelekea ndani ili samaki aingie bila shida na asipate njia ya kutokea. Alijua ni mgono upi wa maji ya bamvua, yanapojaa kupita kiasi, na upi wa maji mafu, yanapojaa kidogo, alijua uelekezwe wapi maji yanapokupwa, na alijua kwa nini mgono mpya haupati kitu siku za mwanzo. Nilimsikiliza kama kijana anavyomsikiliza mzee, yaani nusu. Leo nikitaka kuusuka sijui pete ya tatu inakaa wapi, na hakuna kitabu cha Kiswahili ninachokijua ambacho ningekifungua kikanionyesha.

Mfano mwingine ni wa kamba wa baharini. Katika Ghuba ya Barataria palikuwa na kijiji kilichojengwa juu ya nguzo majini kikiitwa Manila Village, makazi ya wavuvi wa Kifilipino. Kazi yao kubwa ilikuwa kukausha kamba juu ya majukwaa mapana ya mbao, kisha watu wakawapanda na kuwakanyaga kwa mwendo wa ngoma mpaka maganda yakatoka. Kimbunga cha mwaka 1965 kilikisomba kijiji chote, lakini ukitaka kujua watu wale walikanyagaje kamba, utajua, kwa kuwa waliandikwa na kupigwa picha. Nani ameandika kamba na uduvi wa deltani wanavyoanikwa, nani hufanya kazi hiyo, na ni nyimbo gani huimbwa jua likiwa kali?

Niseme wazi kwamba siandiki kwa kuwaonea watu wa Louisiana wivu, maana nchi yao inazama. Wataalamu wa serikali yao wamekadiria kwamba tangu mwaka 1932 jimbo hilo limepoteza karibu kilomita za mraba 4,800 za ardhi ya pwani. Sababu zake zinaeleweka. Baada ya gharika kuu ya mwaka 1927 mto Mississippi ulifungiwa kati ya matuta makubwa, na tope ambalo kwa maelfu ya miaka lilikuwa likitandazwa na mafuriko na kuijenga ile nchi likawa linapelekwa moja kwa moja bahari ya kina. Makampuni ya mafuta nayo yakachimba mifereji ndani ya vinamasi, takribani kilomita 16,000 kwa jumla, maji ya chumvi yakaingia humo na kuua miti iliyozoea maji matamu. Kisiwa cha Isle de Jean Charles, makazi ya wenyeji wa asili, kimebakiwa na takribani asilimia 2 tu ya ardhi kiliyokuwa nayo mwaka 1955, na mwaka 2016 serikali yao ikatenga dola milioni 48 za kuwahamishia bara. Mwandishi Mike Tidwell, ambaye kitabu chake kilitoka mwaka 2003, alizunguka huko kwa kuomba lifti kwenye boti za wavuvi wa kamba na kaa, akaandika alichokiona kabla hakijamezwa. Miaka miwili baadaye kikaja kimbunga Katrina.

Sasa turudi kwetu. Delta ya Rufiji ina mikoko ipatayo hekta 53,000, msitu wa mikoko mkubwa kuliko wote ulioshikana katika pwani ya Afrika Mashariki. Boriti zake zimejenga nyumba Unguja, Mafia na Uarabuni, na tangu mwaka 2004 eneo la Rufiji, Mafia na Kilwa limo katika orodha ya kimataifa ya ardhioevu iliyo chini ya Mkataba wa Ramsar. Nalo lina mabadiliko yake. Bwawa la Julius Nyerere, lenye uwezo wa megawati 2,115, lilianza kujazwa maji Desemba 2022. Silipingi bwawa, taa inayoniwezesha kuandika barua hii inatokana na umeme, na mkate wa asubuhi vilevile. Ninachosema ni kwamba ukuta wowote unaozuia maji huzuia pia tope, na Louisiana imetuonyesha tope lina kazi gani. Kama delta itabadilika, wajukuu wetu wangepaswa kuwa na mahali pa kusoma ilivyokuwa.

Yaliyoandikwa yapo, lakini tazameni ni ya aina gani. Meli ya kivita ya Wajerumani, Königsberg, ilijificha deltani muda usiotimia mwaka mmoja, ikaangamizwa Julai 1915, na imeandikiwa vitabu kwa Kiingereza na Kijerumani. Wanyagatwa na Wandengereko, wenyeji wa huko, waliokuwapo kabla haijaja na waliobaki ilipokwisha, sijawahi kukutana na kitabu kimoja cha kueleweka kilichoandikwa kwa Kiswahili kuhusu maisha yao ya kila siku. Vita vya Majimaji vimepata heshima yake: tunayo tamthilia ya Ebrahim Hussein, Kinjeketile, ya mwaka 1969, na kabla yake utenzi wa Abdul Karim bin Jamaliddini. Lakini huyo Kinjikitile, kiongozi wa vita hivyo ambaye tamthilia imechukua jina lake, aliyenyongwa Mohoro Agosti 1905 alitoka katika nchi yenye wakulima na wavuvi, na hao wanaonekana vitabuni pale tu wanapokufa. Yaliyobaki ni ripoti za wataalamu, nyingi zikiwa nzuri sana, zote kwa Kiingereza, nyingine zikiwa na ramani ambazo mkazi wa Mbwera angezisahihisha kwa kalamu ya risasi.

Katika ripoti hizo nimekutana na neno mlau, yaani kilimo cha kupanda maji ya mafuriko yanapojitoa na kuacha unyevu ardhini. Neno ni letu, limeandikwa kwa herufi za mlazo katikati ya Kiingereza kama kitu cha makumbusho, na nilipowauliza vijana watano wa Mbagala ambao wazazi wao ni Warufiji, ni mmoja tu aliyewahi kulisikia. Vivyo hivyo dungu. Wengi wanadhani ni kibanda tu cha kuwingia ndege, hawajui kwamba familia nzima iliweza kuishi juu ya nguzo miezi kadhaa, jiko likiwa juu, mtumbwi umefungwa chini mlangoni, maji yakipita katikati ya mpunga. Baada ya mafuriko ya mwaka 1968 watu walihamishwa kutoka bondeni kwenda vijiji vya sehemu za juu katika ile iliyoitwa Operesheni Rufiji, na waliokuwa watu wazima wakati ule sasa wana miaka zaidi ya sabini na tano.

Kuna wanaoniambia kwamba vitabu vya namna hii viandikwe kwa Kiingereza ili dunia ivisome. Hapo napo Louisiana inatufundisha. Katiba ya jimbo hilo ya mwaka 1921 ilifanya Kiingereza kuwa lugha ya kufundishia, na watoto wa bayou wakawa wanaadhibiwa kwa kuzungumza Kifaransa cha nyumbani kwao. Mwaka 1968 jimbo hilohilo likaunda chombo cha kukiendeleza Kifaransa, kizazi kimoja kikiwa kimeshapotea, na mkusanyo wa mashairi yao ya Kifaransa ulipotoka mwaka 1980 ulichapishwa Montreal, Kanada. Mjukuu wangu anasoma shule moja hapa mjini ambako mtoto akisikika anasema Kiswahili nje ya kipindi chake huvishwa kibao shingoni. Nilipokwenda kulalamika niliambiwa kwa upole kwamba ni utaratibu wa shule.

Wala tusiseme hatuna mfano wa kuiga. Mtoro bin Mwinyi Bakari wa Bagamoyo aliandika kwa Kiswahili safi desturi za watu wa Mrima, yaani pwani yetu, kuanzia mtoto anavyozaliwa, na kazi hiyo ikachapishwa mwaka 1903 huko Göttingen, Ujerumani. Ndiyo, ilibidi ivuke bahari, kama yale mashairi ya Louisiana. Na mwaka 1968 wanafunzi wa Chuo Kuu hapa Dar es Salaam walitumwa vijijini kukusanya masimulizi ya wazee kuhusu Majimaji. Ikiwa kalamu na daftari vilitosha wakati ule, leo kila kijana wa Ikwiriri anayo simu yenye kinasa sauti mfukoni.

Ombi langu kwenu, Mhariri, ni nusu ukurasa kwa wiki. Wapeni watu wa deltani na jamaa zao waliojaa Mbagala, Temeke na Kongowe nafasi ya kueleza jambo mojamoja: mgono unavyosukwa, mkandaa unavyotofautishwa na mkomafi, yote miwili ikiwa mikoko, mvuvi alivyolala majini bamvua lilipomkuta njiani. Msiwasahihishe lafudhi yao. Baada ya mwaka mtakuwa na makala hamsini, na mchapishaji atakayetaka kitabu hatakuwa na sababu ya kusema hakuna muswada. Nakala moja iende Maktaba Kuu, ambayo inasimama kwenye barabara yenye jina la Bibi Titi Mohamed, aliyepata kuwa mbunge wa Rufiji.

Mimi nimeanza na maneno ya maji. Daftari langu limefika ukurasa wa 31, na nimekwama kwenye jina la hori moja la mkato ambalo mjomba alilipita akitoka Nyamisati kwenda Salale, jembamba, linalopitika wakati wa bamvua tu, matawi ya mikoko yakikugusa mabega kushoto na kulia. Alilitaja mbele yangu mara nyingi nami sikuliandika. Msomaji yeyote anayelijua, naomba aliandikie gazeti hili.

Mwalimu mstaafu,
Mbagala, Dar es Salaam