Salamu za Shukrani: Familia ya Marehemu Mama Diwani, Lushoto

Inna lillahi wa inna ilayhi rajiun.

Sisi watoto, wajukuu na ndugu wa marehemu mama yetu, ambaye wengi wenu mlimfahamu kwa jina la Mama Diwani, tunatoa shukrani za dhati kwa wote mliokuwa nasi tangu alipougua hadi tulipompumzisha katika nyumba yake ya milele.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi wa hospitali ya wilaya na wa Bombo, Tanga. Tunawashukuru masheikh na waumini waliomswalia, majirani waliolaza wageni wetu, na akina mama walioshika jiko la msiba tangu siku ya kwanza hadi matanga yanaanuliwa. Vijana wa bodaboda, ninyi hatuna cha kuwalipa. Mvua ilikuwa imeharibu barabara, gari likashindwa kupanda, mkaacha pikipiki zenu chini mkalibeba jeneza kwa kupokezana mpaka nyumbani. Mmoja wenu alitueleza kuwa pikipiki yake ya kwanza ilitokana na mkopo wa kikundi uliokuwa umekwama, mama akaufuatilia halmashauri hadi ukatoka. Habari hiyo tuliisikia kwa mara ya kwanza pale pale, kaburi likifukiwa.

Mama alianzia kwenye tawi la UWT, jumuiya ya wanawake ya CCM, enzi za chama kimoja, akipita nyumba kwa nyumba kuwahimiza wanawake waende madarasa ya kisomo cha watu wazima. Vyama vingi viliporudi mwaka 1992 na uchaguzi wa madiwani wa 1994 ukakaribia, wenzake ndio waliomsukuma achukue fomu. Aliingia kwa viti maalum. Siku hizi sheria inataka madiwani wanawake wa viti hivyo wasipungue theluthi moja ya madiwani wa kata, lakini wakati ule wanawake ndani ya baraza walikuwa wachache, na wapo waliodhani wameletwa kuitikia tu. Mama hakuitikia. Baadaye aliomba kata yenyewe. Mara ya kwanza kura za maoni ndani ya chama hazikutosha, akampigia kampeni aliyemshinda. Aliporudi tena, wananchi wakampa. Aliwahi pia kuomba ubunge wa viti maalum kupitia mkoa, hakufanikiwa, na hatukumsikia akimlaumu mtu.

Shule za sekondari za kata zilipoanza kujengwa miaka ya 2000, alibeba mawe pamoja na wananchi. Lakini jambo lililomkalia moyoni zaidi ni fedha za vikundi. Kabla ya kila Baraza la Madiwani alikaa mezani na taarifa ya mapato, miwani puani na kalamu nyekundu mkononi, akipiga hesabu ya asilimia 10 ya mapato ya ndani ya halmashauri inayotengwa kwa mikopo ya vikundi: 4 za wanawake, 4 za vijana, 2 za watu wenye ulemavu. Hesabu isipotimia, ndilo lilikuwa swali lake la kwanza kesho yake. Waheshimiwa madiwani wa vyama vyote mliokaa kwenye mkeka mmoja nasi, pamoja na mliobishana naye miaka mingi, mmetupa heshima kubwa. Na watumishi wa halmashauri mliosema mbele za watu kwamba maswali yake yaliwasumbua lakini yalikuwa ya haki, Mungu awabariki.

Si rahisi kumtaja kila mmoja. Aliyetoa rambirambi, aliyepiga simu, aliyeomba dua akiwa mbali, tunaomba apokee shukrani hizi.

Hitma ya arobaini itasomwa nyumbani kwa marehemu, siku ya Jumamosi baada ya swala ya adhuhuri. Yeyote anayemdai marehemu asione haya, aje kwetu tumlipe. Kadhalika, kabatini mwake tumekuta bahasha nyingi mlizompa awatunzie: vyeti vya kuzaliwa, karatasi za mauziano ya mashamba, daftari za vikundi. Kila bahasha ina jina la mwenyewe kwa mwandiko wake. Tutazikabidhi siku hiyo baada ya hitma. Mwenye bahasha aje na kitambulisho, au jirani wa kumshuhudia. Daftari za vikundi tutamkabidhi mwenyekiti akiwa na mweka hazina wake, kama mama mwenyewe alivyotaka siku zote.

Kwa niaba ya familia,
Watoto wa marehemu